Safari ya Samatta: kwa nini njia ya Ulaya ilipita Lubumbashi

Mjadala wa Mbwana Samatta, mshambuliaji wa Tanzania, ukianza kijiweni, haumalizi dakika tano kabla haujagawanyika. Wako wanaosema alichelewa kwenda Ulaya, kwamba miaka karibu mitano ya TP Mazembe ya Kongo (DRC) ilimla ujana wake. Wako wanaosema alikosea kuiacha Genk ya Ubelgiji katikati ya msimu na kwenda Aston Villa ya England iliyokuwa ikipambana isishuke daraja. Na wako wanaomhukumu kwa Villa peke yake: mechi 14 za ligi, bao moja, basi.

Hoja zote hizo zinamtazama mchezaji tu. Mimi naamini majibu mengi yako kwenye klabu alizopitia, kwenye namna kila moja inavyopata fedha na inavyozitumia. Simba, Mazembe, Genk, Villa na Fenerbahçe ya Uturuki zilimtaka mtu yule yule kwa sababu tano tofauti. Asiyezijua sababu hizo ataona mchezaji anayepanda na kushuka bila mpangilio. Anayezijua ataona kwamba karibu kila hatua ilikuwa na mantiki yake, hata zile zilizotuuma.

Kabla ya Ulaya

Samatta alizaliwa Dar es Salaam Desemba 1992 na kukulia Mbagala. Alicheza African Lyon, na mwaka 2010 akatua Simba. Mwaka uliofuata Wekundu wa Msimbazi wakapangwa na Mazembe kwenye Ligi ya Mabingwa Afrika, tena Mazembe iliyokuwa kileleni. Walikuwa wametwaa kombe hilo 2009 na 2010, na Desemba 2010 wakawa klabu ya kwanza ya Afrika kufika fainali ya Kombe la Dunia la Klabu, walikofungwa na Inter Milan 3-0. Simba ilifungwa Lubumbashi, ikafungwa tena nyumbani. Lakini kijana wa miaka 18 aliyewafunga mabingwa na kuwasumbua mabeki wao aliondoka na kitu kikubwa kuliko matokeo: Mazembe wakamtaka. Walimchukua yeye na Mganda Patrick Ochan.

Wengi wamesahau kilichofuata. Simba ililalamika kwamba Mazembe walimchezesha Janvier Besala Bokungu kinyume cha kanuni, CAF, shirikisho la soka la Afrika, ikakubali, mabingwa wakaenguliwa. Simba ikaenda Cairo kucheza mechi moja ya kuamua dhidi ya Wydad Casablanca na ikalala 3-0. Kwa hiyo klabu iliyomnunua Samatta ndiyo iliyotolewa mashindanoni kwa malalamiko ya klabu iliyomuuza, na biashara ikaendelea kama kawaida.

Kwa nini asingeruka moja kwa moja hadi Ulaya? Jibu linaanzia kwenye umri. Kifungu cha 19 cha kanuni za FIFA kuhusu hadhi na uhamisho wa wachezaji kinakataza mchezaji aliye chini ya miaka 18 kuhamia klabu ya nchi nyingine. Misamaha ni michache. Mmoja ni wazazi kuhama kwa sababu zisizohusiana na soka. Mwingine ni kwa vijana wa miaka 16 hadi 18 wanaohama ndani ya eneo la Umoja wa Ulaya, na huo haumgusi mtoto wa Mbagala. Naiunga mkono kanuni hii kwa moyo wote, kwa sababu kabla haijabanwa, watoto wengi wa Afrika walisafirishwa na mawakala wa uongo, wakafeli majaribio na kutelekezwa kwenye miji wasiyojua hata lugha yake. Lakini tukubali matokeo yake. Kijana wa Ureno au Ubelgiji anapofikisha miaka 18 ana miaka kadhaa ya akademi mwilini: lishe, mbinu, kocha wa viungo, mechi za vijana za kila wiki. Wa kwetu anaanza kuhesabiwa siku hiyo.

Kisha kuna suala la kuonekana. Miaka ile maskauti wa Ulaya hawakuwa wakipiga kambi kwenye viwanja vyetu vya Ligi Kuu. Njia nyingine ya kuonekana ni timu ya taifa, nayo kwa Tanzania ilikuwa imefungwa: Taifa Stars ilicheza Kombe la Mataifa ya Afrika (AFCON) mwaka 1980, kisha ikakaa nje hadi 2019. Ikabaki njia moja, mashindano ya klabu ya CAF, na katika ukanda huu hakukuwa na timu iliyofika mbali kwenye mashindano hayo mara kwa mara kama Mazembe.

Klabu isiyohitaji kuuza

Mazembe ya Moïse Katumbi ilijengwa kwa fedha za tajiri mwenye shauku. Lubumbashi ni mji wa shaba, klabu ilijenga uwanja wake Kamalondo, na mishahara yake ilitosha kuwashawishi wachezaji kutoka Zambia, Ghana, Mali na Tanzania kubaki barani. Thomas Ulimwengu naye alikuwa huko. Kwa Samatta hiyo ilikuwa shule ya kweli. Alicheza dhidi ya mabeki wa Misri, Tunisia na Algeria wanaojua kumkaba mshambuliaji bila mwamuzi kuona, akasafiri bara zima, akajifunza kucheza mechi ambayo sare ni msiba.

Sasa hapa ndipo wanaosema "alichelewa" wana nusu ya ukweli. Klabu nyingi za Afrika Magharibi zimejengwa ziuze vijana. Mazembe haikuwa hivyo. Lengo lake lilikuwa kombe, na mfungaji wake akiondoka ni hasara ambayo pesa haiifuti upesi. Klabu isiyobanwa na madeni haina haraka ya kupokea ofa. Mchezaji anakuwa na mshahara mzuri, heshima, nafasi ya kudumu, na mlango mzito.

Mlango huo ulifunguliwa na mambo mawili yaliyokutana mwaka 2015. La kwanza ni kombe lenyewe. Mazembe waliifunga USM Alger 2-1 huko Algiers, kisha 2-0 Lubumbashi. Samatta alifunga kwenye mechi zote mbili za fainali na akamaliza na mabao 7, miongoni mwa wafungaji bora wa mashindano. Januari 2016, mjini Abuja, CAF ikamtangaza mchezaji bora wa Afrika kwa wanaocheza ndani ya bara, wa kwanza kutoka Afrika Mashariki kupewa tuzo hiyo.

La pili halikuimbwa na mtu, lakini ndilo lililoamua. Mkataba wake ulikuwa unaelekea ukingoni. Kanuni za FIFA zinamruhusu mchezaji aliyebakiza miezi sita au pungufu kuzungumza na klabu nyingine na kusaini nayo. Klabu inayommiliki hubaki na uamuzi mgumu: imuuze dirisha dogo kwa bei iliyopo, au imwone akiondoka bure. Nguvu inahama kutoka mezani kwa tajiri na kuhamia mkononi mwa mchezaji. Mwishoni mwa Januari 2016 Samatta akasaini Genk.

Ubelgiji, lango la Waafrika

Kwamba ilikuwa Ubelgiji si bahati nasibu. Hispania na Italia zinaweka ukomo kwa wachezaji wasio raia wa Umoja wa Ulaya, kwa hiyo klabu ya huko ikitumia nafasi yake adimu itamtafuta Mbrazili aliyekwisha kujulikana. Ubelgiji haina ukomo wa namna hiyo. Inachodai ni kwamba mchezaji kutoka nje ya Ulaya alipwe mshahara usiopungua kiwango kilichowekwa, kiwango kikubwa kiasi cha kuzizuia klabu kujaza vikosi kwa vijana wa bei ya kutupa. Ukiwa na kipaji cha kutosha kulipiwa kiasi hicho, mlango uko wazi.

Historia inaonyesha. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, Mfaransa Jean-Marc Guillou aliwaleta vijana wa akademi ya ASEC Mimosas ya Abidjan kwenye klabu ndogo ya Beveren, na kutoka hapo wakatoka Yaya Touré, Emmanuel Eboué na Gervinho. Victor Wanyama wa Kenya alipita Beerschot kabla ya Celtic, Southampton na Tottenham.

Genk wameifanya njia hiyo kuwa kazi yao ya kila siku. Ni klabu ya mji mdogo wa zamani wa migodi ya makaa ya mawe, na inaishi kwa kununua mapema na kuuza kwa faida. Kevin De Bruyne na Thibaut Courtois walitoka kwenye akademi yake, Kalidou Koulibaly alipita hapo. Samatta alipofika alikuta Wilfred Ndidi na Leon Bailey, na Januari 2017 wote wawili wakauzwa, Ndidi kwenda Leicester, Bailey kwenda Leverkusen. Ndidi alifika Genk akiwa na miaka 18 na kuondoka na miaka 20. Samatta alifika akiwa na 23.

Tofauti hiyo ya miaka mitano ndiyo gharama halisi ya Mazembe, na nadhani ndiyo inayotuchanganya. Mazembe haikumpunguzia uwezo, ilimwongezea. Ilichompunguzia ni bei. Mnunuzi wa ngazi ya juu hanunui mabao pekee, ananunua pia uwezekano wa kumuuza mchezaji huyo tena miaka mitatu mbele. Mtu wa miaka 20 ana bei mbili, ya leo na ya kesho. Mtu wa miaka 26 ana ya leo tu.

Uwanjani hakuna aliyelalamika. Agosti 2018 alifunga mabao matatu katika ushindi wa 5-2 dhidi ya Brøndby kwenye Ligi ya Europa. Msimu huo wa 2018/19, chini ya kocha Philippe Clement, Genk wakachukua ubingwa wa nne katika historia yao, Samatta akiwa na mabao 23 ya ligi, na akapewa Kiatu cha Ebony, tuzo ya mchezaji bora mwenye asili ya Afrika nchini Ubelgiji. Septemba 2019 akawa Mtanzania wa kwanza kufunga kwenye Ligi ya Mabingwa Ulaya, siku Genk walipofungwa 6-2 na Salzburg. Novemba akafunga kwa kichwa Anfield dhidi ya Liverpool waliokuwa mabingwa wa Ulaya. Yeyote aliyekuwa macho usiku ule Tanzania anakumbuka kelele.

Villa walinunua nini hasa

Wakati ule mchezaji asiye raia wa Umoja wa Ulaya alipata kibali cha kazi Uingereza moja kwa moja iwapo taifa lake lilikuwa ndani ya 50 bora za FIFA na yeye alikuwa akicheza asilimia fulani ya mechi zake. Tanzania ilikuwa nje ya 100 bora. Hata kama angecheza kila dakika ya Taifa Stars, zisingehesabika. Njia iliyobaki ilikuwa jopo maalumu lililotazama ada ya uhamisho, mshahara, ligi anayotoka na kama klabu yake ilishiriki mashindano ya bara. Kwa maneno mengine, kwa mchezaji kutoka taifa la nafasi zetu, kucheza Ligi ya Mabingwa kulikuwa sehemu ya sifa za kuingilia England. Bila ngazi ya Genk, ngazi ya Villa isingekuwepo.

Januari 1, 2020, mshambuliaji wa Villa, Mbrazili Wesley, aliumia goti vibaya kwenye mechi dhidi ya Burnley. Villa walikuwa wamepanda daraja miezi saba tu nyuma na walikuwa wakipambana karibu na mkia wa msimamo. Siku 19 baadaye wakamtangaza Samatta kwa mkataba wa miaka minne na nusu, ada ikiripotiwa kuwa karibu pauni milioni 8.5. Mkataba ulisema miaka minne na nusu, lakini mahitaji yalikuwa ya miezi minne: mtu wa kufunga sasa hivi, timu isishuke. Kushuka daraja England kunagharimu makumi ya mamilioni ya pauni za haki za televisheni, na klabu iliyo kwenye hatari hiyo hununua kwa hofu.

Alianza vizuri. Februari 1 alifunga dhidi ya Bournemouth katika mechi yake ya kwanza ya Ligi Kuu England, ingawa Villa walilala 2-1. Machi 1, kwenye fainali ya Kombe la Ligi Wembley, alijirusha kuunganisha kwa kichwa krosi ya Anwar El Ghazi na kuifunga Manchester City, mechi iliyoisha 2-1 kwa City. Wiki mbili baadaye ligi ikasimamishwa kwa sababu ya korona. Ilirudi Juni 17, viwanja vitupu, mechi zikifuatana kila baada ya siku tatu au nne, na Villa iliyorudi ilikuwa inacheza kwa kujilinda zaidi, ikimtegemea Jack Grealish kubeba mpira mbele. Samatta hakufunga tena. Ni mshambuliaji anayeishi kwa krosi na pasi za kupenyeza nyuma ya mabeki, na mipira hiyo haikuja. Nasema hivi bila kumtetea kupita kiasi: alipata nafasi kadhaa ambazo Genk angezimaliza.

Julai 26 Villa walitoka sare 1-1 na West Ham, wakanusurika kwa tofauti ya pointi moja. Fedha za televisheni zikawa salama, na Septemba wakamnunua Ollie Watkins kutoka Brentford kwa ada iliyoripotiwa kuwa pauni milioni 28. Watkins alikuwa na miaka 24. Villa walikuwa wamemaliza kununua kwa hofu na wameanza kununua kwa mipango, na kwenye mipango hiyo Samatta hakuwemo tena.

Mkopo usio mkopo

Septemba 25, 2020 akaenda Fenerbahçe. Magazeti yaliandika mkopo, lakini ilishakubaliwa kwamba msimu ukiisha angekuwa mchezaji wao kwa mkataba wa miaka minne. Wengi hujiuliza kwa nini klabu zisiuziane tu. Sababu iko kwenye vitabu vya hesabu. Klabu ikinunua mchezaji, ada haiandikwi yote kama gharama ya mwaka mmoja, hugawanywa kwa urefu wa mkataba. Tuchukue ada ya pauni milioni 9 kwa miaka minne na nusu: kila mwaka huandikwa milioni 2. Ukimuuza baada ya miezi minane kwa bei ya chini ya kiasi kilichobaki vitabuni, hasara yote inaonekana palepale. Mkopo unasogeza siku hiyo mbele, muuzaji anapumua upande wa mshahara, na mnunuzi anaahirisha kulipa.

Istanbul alifunga mabao 5 ya ligi msimu wa kwanza. Kocha aliyempokea, Erol Bulut, alifukuzwa kabla msimu haujaisha. Kocha mpya alikuja na watu wake, na ligi ya Uturuki ina ukomo wa wachezaji wa kigeni, hivyo kila nafasi ya mgeni inahesabiwa. Akakopeshwa Royal Antwerp 2021/22, kisha akarudi Genk 2022/23. Msimu huo uliisha kwa maumivu. Siku ya mwisho, dhidi ya Antwerp hao hao, Toby Alderweireld alifunga dakika za nyongeza na kuwanyang'anya Genk ubingwa uliokuwa mikononi. Mwaka uliofuata Samatta alipata wake akiwa na PAOK ya Thessaloniki, mabingwa wa Ugiriki 2023/24, na mwaka 2025 akahamia Le Havre ya Ufaransa. Mchezaji wa miaka 32 kusajiliwa kwenye Ligue 1 ni jambo ambalo hapa nyumbani tulilipa uzito mdogo mno.

Fedha zinazorudi Mbagala

Kuna upande mwingine wa safari hii ambao haujadiliwi vya kutosha, nao ni fedha za klabu zilizomlea. FIFA ina malipo ya aina mbili. Fidia ya mafunzo hulipwa mchezaji anaposaini mkataba wake wa kwanza wa kulipwa na anapohama nchi akiwa bado kijana, hadi kwenye umri wa miaka 23. Mchango wa mshikamano hauna ukomo huo. Unalipwa kila anapouzwa kimataifa kabla mkataba haujaisha, hata akiwa na miaka 30.

Mchango huo ni asilimia 5 ya ada, na unakatwa na klabu inayonunua. Unagawanywa kwa klabu zilizomsajili kuanzia msimu aliotimiza miaka 12 hadi ule aliotimiza 23. Kila msimu wa miaka 12 hadi 15 unapata asilimia 0.25 ya ada, na kila msimu wa miaka 16 hadi 23 unapata asilimia 0.5. Kwa mfano, mchezaji akiuzwa euro milioni 10, fungu lote ni euro 500,000. Klabu iliyokuwa naye msimu mmoja akiwa na miaka 17 inapata euro 50,000. Iliyomlea tangu miaka 12 hadi 15 inapata euro 100,000. Kwa klabu ya mtaani hizo ni jezi, mipira, nauli na posho za makocha kwa miaka mingi.

Lakini mchezaji akiondoka bure mwisho wa mkataba, hakuna ada, na asilimia 5 ya sifuri ni sifuri. Na hata ada ikiwepo, klabu inalipwa kwa ushahidi wa usajili. Kwa miaka mingi klabu ndogo ilitakiwa kudai yenyewe, ndani ya miaka miwili, ikiwa na nyaraka mkononi. Klabu nyingi za Afrika hazikujua hata kwamba zinadai. Tangu Novemba 2022 FIFA imeanza kutumia ofisi ya malipo iliyoko Paris, ambayo hukusanya fedha hizi na kuzigawa kwa kufuata pasipoti ya kielektroniki ya mchezaji. Pasipoti hiyo hujazwa kutokana na rekodi za vyama vya soka vya nchi alizocheza.

Kijana aliyecheza miaka minne kwenye timu ya mtaa isiyosajiliwa, au aliyesajiliwa kwa umri na jina lisilo lake, anaacha pengo kwenye pasipoti hiyo. Kwa upande wa Tanzania rekodi zinatoka TFF, shirikisho la soka la nchi, na TFF inazipata kutoka klabu na vyama vya wilaya na mikoa. Kiongozi wa timu ya vijana wa Mbagala anayetaka kulipwa mwaka 2038 anapaswa kumsajili mtoto wa miaka 12 msimu huu, kwa cheti chake halisi cha kuzaliwa, na kutunza nakala.